Picha ndogo na albamu za wafalme wa India: maswali ambayo watu huuliza kila mara

Haya ni maswali ninayokutana nayo kila nikianza kuongelea zile picha za zamani za India, zile ndogondogo zenye dhahabu na maandishi ya Kiajemi pembeni. Kuna sehemu nimejibu kwa kirefu sana maana ndo zina utamu, na kuna sehemu nimepita tu.

Kwanza kabisa, ni picha gani hizo?

Ni picha zilizochorwa kwenye karatasi, mara chache kwenye kitambaa, kwa ajili ya wafalme na wakubwa wa India, hasa kuanzia miaka ya 1550 mpaka karne ya 19 hivi. Wanaojulikana zaidi ni wafalme wa Mughal, ukoo wa Kiislamu uliotawala sehemu kubwa ya India, waliokaa Agra, Delhi, Lahore na Fatehpur Sikri, lakini hawakuwa peke yao. Kusini huko Deccan kulikuwa na masultani wa Bijapur, Golconda na Ahmadnagar, Rajasthan kulikuwa na falme za Warajput kama Mewar, Kota, Bikaner na Kishangarh, na juu milimani upande wa Punjab kulikuwa na vijimilki kama Basohli, Guler na Kangra, kila sehemu na staili yake na wachoraji wake.

Kitu cha kushika mapema ni kwamba hizi picha hazikutengenezwa zitundikwe ukutani. Zilikaa ndani ya vitabu na albamu, mtu anakaa chini anaishika mkononi anaisogeza karibu na macho anageuza ukurasa taratibu. Kwahiyo ukiikuta moja imewekwa kwenye fremu nyuma ya kioo, taa imefifia, ukaona mbona haina kitu, jua kwamba unaiangalia kwa namna ambayo aliyeichora hakuipanga kabisa.

Zilianzaje? Wahindi walikuwa hawachori kabla ya hapo?

Walikuwa wanachora sana tu. Wajaini, wafuasi wa moja ya dini za kale za India, walikuwa na vitabu vyao vya dini vyenye picha, vya mwanzo kwenye majani ya mtende, baadae kwenye karatasi, na masultani waliotangulia nao walikuwa na vitabu vyao. Kilichotokea ni kwamba mfalme Humayun, wa pili katika ukoo wa Mughal, alinyang'anywa nchi akakimbilia Uajemi kwa mfalme wa huko, Shah Tahmasp, mwaka 1544, na kule akakutana na wachoraji hodari wa vitabu. Wawili kati yao, Mir Sayyid Ali na Abd al-Samad, wakaja kumfuata Kabul. Humayun akarudi Delhi 1555, mwaka uliofuata akaanguka kwenye ngazi za maktaba yake akafa, basi tena, mtoto wake Akbar akashika kiti akiwa na miaka 13 tu na wale mabwana wawili wa Kiajemi akabaki nao yeye.

Akbar akakusanya wachoraji kutoka pande zote za India, Wahindu kwa Waislamu, akawaweka chini ya hao Waajemi wawili. Huo mchanganyiko ndo uliozaa staili ya Mughal: ustadi mwembamba wa Kiajemi, rangi kali na miili yenye nguvu ya Kihindi, na baada ya muda vivuli na umbali wa Kizungu vikaingia pia.

Kazi yao kubwa ya kwanza ilikuwa ipi?

Hamzanama, bila ubishi. Ni visa vya Amir Hamza, ami yake Mtume, vilivyotiwa chumvi na wasimuliaji mpaka vikajaa majitu na mazimwi na wachawi na mapigano ya usiku. Zilichorwa picha zipatazo 1400 kwenye kitambaa, kila moja ina urefu wa kama sentimita 68, na kazi ilichukua miaka kama 15 hivi kuanzia miaka ya 1560. Hizi ni kubwa kuliko kawaida kwa sababu zilikuwa za kusimulia mbele za watu, na hadithi yenyewe imeandikwa upande wa nyuma.

Zimebaki chini ya 200. Vienna wanazo 60, na kundi jingine lipo makumbusho ya Victoria and Albert (V&A) London, na hizo za London baadhi zilikutwa Srinagar, Kashmir, mwaka 1881 na mtu wa makumbusho aliyeitwa Caspar Purdon Clarke, nyingine watu walikuwa wanazibia madirisha baridi isiingie. Mi huwa siwalaumu hata kidogo hao wenye nyumba, baridi ya Kashmir si mchezo, ila inauma kufikiria zilizoishia hivo hivo.

Nani alikuwa anachora? Majina yao yanajulikana?

Yanajulikana, na hiki ndo kitu kimoja kilichonifanya nizipende. Wakati wa Akbar kulikuwa na karakana ya ikulu yenye wachoraji, waandishi wa khati (maandishi ya sanaa), wapiga dhahabu, wafunga vitabu, watengeneza karatasi. Kila wiki kazi zilipelekwa mbele ya mfalme akaziangalia moja moja, alafu akatoa zawadi au akaongeza mshahara kulingana na kazi ya mtu. Haya kayaandika Abu'l Fazl, waziri na mwandishi wake.

Picha moja ilikuwa inafanywa na zaidi ya mtu mmoja. Bwana mkubwa anapanga mchoro wote, mwingine anajaza rangi, na kama kuna sura za watu muhimu anaitwa fundi wa sura. Alafu karani anaandika majina yao chini pembeni kwa wino mwekundu, nani kapanga, nani katia rangi. Mfano mzuri ni ile picha ya kurasa mbili kwenye Akbarnama, kitabu cha historia ya Akbar, iliyopo V&A, Akbar kapanda ndovu mkali anaitwa Hawa'i anamkimbiza ndovu mwingine juu ya daraja la mashua pale Agra mwaka 1561, mashua zinazama, watu wanaruka majini. Mpangaji ni Basawan, mtia rangi ni Chatar. Wale watu wadogo wa chini, mmoja mmoja, kila mtu ana hofu yake usoni, hakuna aliyepigwa kopi.

Kuna Daswanth pia. Huyu alikuwa mtoto wa mbeba machela, alikuwa anachorachora kwenye kuta, Akbar mwenyewe akamwona akampeleka kwa Abd al-Samad akafundishwe, na baada ya muda si mrefu akawapita karibu wote. Akili ikaja kumsumbua akajiua mwaka 1584. Kazi zake zilizobaki si nyingi.

Wanawake nao walikuwepo. Wakati wa Jahangir, mtoto wa Akbar, tunakutana na majina kama Nadira Banu na Sahifa Banu kwenye kazi zenyewe.

Lakini si hawa walikuwa Waislamu? Picha za viumbe hai waliziruhusuje?

Wanazuoni wengi walikuwa wanapinga, na ubishi ulikuwepo hata enzi zile. Abu'l Fazl kaandika hoja ya Akbar kuhusu jambo hili, kwamba mchoraji ana njia yake ya kumjua Mungu, maana akishachora kiumbe, kiungo kwa kiungo, anafika mahali anaona wazi kwamba uhai hawezi kuutia, na hapo lazima amfikirie aliyeutoa. Unaweza kuikubali au kuikataa hoja hiyo lakini usiseme hawakulifikiria suala lenyewe. Na picha hizi zilikuwa za vitabuni, si za kuweka msikitini.

Aurangzeb, mjukuu wa Jahangir aliyetawala 1658 mpaka 1707, mwanzoni kazi ziliendelea kwake, baadae akapunguza sana kuwalipa wachoraji, na wengi wao wakaenda kutafuta riziki kwenye falme nyingine.

Ni kweli walikuwa wanatumia brashi ya unywele mmoja?

Hapana, hiyo ni stori ya kuwavutia watalii. Brashi nzuri ilitengenezwa kwa nywele za mkia wa kindi, nywele nyingi zimefungwa pamoja, ila zinachongoka mpaka ncha inaishia kama unywele mmoja. Ingekuwa ni unywele mmoja kweli usingebeba rangi, ungekauka kabla hujafika popote.

Kazi yenyewe ilikuwa hivi. Karatasi kadhaa zinabandikwa pamoja kwa gundi mpaka ziwe ngumu, zinasuguliwa kwa jiwe la akiki mpaka zing'ae. Mchoraji anachora kwa mistari myepesi, anapitisha rangi nyeupe nyembamba juu ambayo mistari inaonekana kwa chini, anachora tena kwa uhakika, ndo anaanza rangi, tabaka juu ya tabaka. Kila baada ya muda picha inalazwa kifudifudi kwenye jiwe laini, inasuguliwa kwa nyuma, na hapo rangi zinashikana zinakuwa kama zimemiminwa. Dhahabu inakuja mwishoni, ya unga uliochanganywa na gundi, na mara nyingine wanaichomachoma kwa sindano ili ukiinamisha ukurasa imetemete. Lulu kwenye shingo ya mfalme ni matone ya rangi nyeupe yaliyoinuka kabisa, ungepitisha kidole ungeyahisi, na kwenye picha za Basohli wakabandika vipande vya mabawa ya mbawakawa, yale ya kijani yanayong'aa, viwe zumaridi.

Rangi zilitoka kila mahali. Bluu bora ilitoka kwenye jiwe la lapisi lazuli la Badakhshan, Afghanistan. Nyekundu ya zebaki na salfa, kijani cha malakaiti au kutu ya shaba, nyeupe ya madini. Kuna njano moja maarufu ambayo ripoti ya mwaka 1883 ilisema inatengenezwa kwa mkojo wa ng'ombe waliolishwa majani ya mwembe karibu na Monghyr, watu wakabisha miaka na miaka, na vipimo vya maabara vya hivi karibuni vikaonyesha kweli ina asili ya mkojo wa mnyama. Rangi zote hizo zilishikwa kwa gundi ya miti ya jamii ya migunga.

Albamu ndo nini hasa, si ni kitabu tu cha picha?

Hapa ndo ningependa watu wakae zaidi, maana ndo panapokosewa sana.

Kitabu cha hadithi kina maandishi yake na picha zinafuata hadithi. Albamu, wenyewe waliita muraqqa, haina hadithi. Ni mkusanyo wa vitu ambavyo mwenye nayo anavipenda: picha alizoagiza, picha za kale alizorithi, mashairi yaliyoandikwa na mabwana wa khati waliokufa zamani, hata picha za kuchapwa zilizotoka Ulaya. Kila kimoja kinakatwa kinabandikwa katikati ya ukurasa mkubwa, kinazungushiwa mistari ya rangi na dhahabu, alafu pambizo pana linachorwa maua, ndege, au watu wadogo kwa dhahabu. Mtu aliyefanya hayo pambizo naye alikuwa msanii kamili, si fundi wa fremu.

Alafu kuna mpangilio. Ukifungua albamu iliyopangwa vizuri unakuta picha mbili zinatazamana, ukigeuza unakuta khati mbili zinatazamana, ukigeuza tena picha mbili. Yani kila karatasi ina picha upande mmoja na khati upande wa pili, na kila picha ina jirani. Baba anamtazama mwanae, mfalme anamtazama waziri, fakiri wa Kihindu anamtazama fakiri wa Kiislamu. Pambizo nazo zinaoana kwa kila jozi. Mwandishi waliyempenda kupita wote ni Mir Ali wa Herat, Jahangir alikusanya kurasa zake kwa wingi, na mwanae Shah Jahan akaja kuzitumia kwenye albamu zake.

Sasa chukua ukurasa mmoja kama huo, uchomoe, uuze peke yake, wenye nao wauweke kwenye fremu upande wa picha tu. Umepoteza jirani yake, umepoteza khati ya nyuma, umepoteza ile raha ya kugeuza. Karibu albamu zote kubwa za Mughal zimefanyiwa hivi. Ile inayoitwa Albamu ya Kevorkian, kurasa zake za kama sentimita 39 kwa 26, leo karatasi 41 zipo makumbusho ya Metropolitan New York na 9 zipo makumbusho ya Freer huko Washington. Na humo ndani kurasa za enzi ya Jahangir na Shah Jahan zimechanganywa na kopi zilizochorwa karne ya 19, wafanyabiashara walizivunja albamu za asili wakachomekea kopi wapate albamu nyingi zaidi za kuuza.

Zilizobaki zikiwa nzima ni chache na ndo maana zinagusa. Albamu ya Dara Shikoh ipo British Library. Huyu alikuwa mwana mkubwa wa Shah Jahan, alimwoa Nadira Banu Begum (si yule mchoraji) mwaka 1633 na hii albamu alimpa yeye, kaandika kwa mkono wake mwenyewe. Ndani kuna vijana wazuri, mabibi, ndege, maua mengi ajabu. Baadae ndugu yake Aurangzeb alimshinda vitani akamuua, 1659, na kule kwenye ule ukurasa alioandika zawadi kuna mtu alijaribu kufuta jina lake akafunika kwa dhahabu. Bado linasomeka.

Kwanini kila mtu anamtaja Jahangir?

Kwa sababu alikuwa na jicho. Alitawala 1605 mpaka 1627, na kwenye kumbukumbu zake alizoandika mwenyewe anajisifu kwamba ukimletea picha yoyote, ya aliye hai au aliyekufa, anakuambia papo hapo kachora nani, na hata kama kwenye sura moja macho kachora mtu mmoja na nyusi mtu mwingine, anawatambua wote wawili. Alipunguza ule utaratibu wa timu kubwa, akawa anataka mtu mmoja aikamilishe picha kwa mkono wake. Abu'l Hasan aliyekuwa kipenzi chake akampa cheo cha ajabu ya zama, Mansur naye wa wanyama na maua akapewa cheo kama hicho, na Bishandas aliyesifika kwa sura za watu akamtuma Uajemi mwaka 1613 pamoja na ujumbe wa balozi akamchore mfalme wa huko, Shah Abbas.

Kuna kisa ambacho balozi wa Uingereza, Thomas Roe, kakiandika. Roe alikuwa na picha ndogo ya Kiingereza aliyoringa nayo kwamba hakuna mtu India angeweza kuiigiza. Jahangir akaichukua akawapa wachoraji wake, siku ya siku akamwita Roe usiku, kwa mwanga wa mshumaa, mezani zimepangwa picha kadhaa zote sawasawa, haya onyesha yako ni ipi. Roe alikiri mwenyewe kwamba alipata taabu kuitambua. Aliipata mwishoni, lakini mfalme alifurahi usiku ule, na mimi kila nikisoma nafurahi na yeye.

Ila jicho hilo hilo lilikuwa kali. Mwaka 1618 mtumishi wake Inayat Khan, aliyekwisha kwa afyuni na pombe, aliletwa mbele yake kuomba ruhusa ya kwenda Agra, amebaki mifupa na ngozi. Jahangir alishtuka, akampa fedha za safari rupia 2000, na akaamuru wachoraji wamchore vile vile alivyo. Alikufa siku iliyofuata. Mchoro wake upo Boston, picha ya rangi ipo Oxford, kalala kwenye mito, kifua mbavu tupu, macho yametulia. Sijui picha nyingine ya karne ile iliyomtazama mtu anayekufa kwa ukaribu kiasi hicho, na sina hakika kama ningekuwa pale ningeruhusu ichorwe, lakini ipo na huwezi kuiondoa macho.

Kuna Waafrika kwenye hizi picha?

Wapo, na wengine walikuwa watu wakubwa sana.

Anza na Malik Ambar. Alizaliwa Uhabeshi karibu mwaka 1548, akauzwa utumwani akiwa mdogo, akapitia mikono kadhaa Uarabuni na Baghdad mpaka akafika Deccan, na huko akapanda mpaka akawa ndo mtawala halisi wa Ahmadnagar, mfalme yupo lakini amri zinatoka kwake. Alipigana na majeshi ya Mughal miaka mingi kwa vita vya kuvizia na hawakummaliza, alikufa mwenyewe kwa uzee 1626. Jahangir alimchukia mpaka kwenye kumbukumbu zake hawezi kumtaja bila kumtukana. Alafu akamwagiza Abu'l Hasan achore picha, ipo makumbusho ya Chester Beatty huko Dublin: Jahangir kasimama juu ya tufe la dunia analenga mshale kwenye kichwa cha Malik Ambar kilichochomekwa kwenye mkuki, na bundi pembeni. Kitu hicho hakikuwahi kutokea. Mfalme alipata kwenye karatasi ushindi alioukosa vitani, na sisi tunaoiangalia leo tunajua hivo. Ukitaka kumwona Malik Ambar kwa heshima yake angalia ile ya Hashim, ukurasa wa Albamu ya Minto uliopo V&A, mzee wa makamo mwenye nguo nyeupe, upanga, na uso wa mtu asiyetishika.

Bijapur kulikuwa na Ikhlas Khan, Mhabeshi pia, waziri mkuu wa Sultani Muhammad Adil Shah. Karibu mwaka 1645 wachoraji wawili, Haidar Ali na Ibrahim Khan, waliwachora wote wawili juu ya ndovu mmoja, sultani mbele na Ikhlas Khan nyuma yake. Ni moja ya picha nzuri kupita zote za Deccan.

Alafu kuna punda milia. Mwaka 1621 Jahangir aliletewa mnyama kutoka Uhabeshi, ana mistari mwili mzima, na watu ikulu wakashuku kwamba kapakwa rangi. Wakamchunguza wakakuta ni wa Mungu hivo hivo. Mansur akamchora, picha ipo V&A, na maelezo ya pembeni kayaandika mfalme mwenyewe kwa mkono wake. Mistari ya usoni, masikio, kwato, kamba, kila kitu kipo sawa, na sisi tuliomzoea tangu utotoni kwenye vitabu na mbugani tunaweza kumhakiki Mansur kuliko mtu yeyote: hajakosea. Punda mwenyewe akapelekwa zawadi kwa Shah Abbas wa Uajemi. Kuna na dodo wa Mauritius, yule ndege aliyekwisha duniani, picha yake ipo St. Petersburg na wataalamu wanaihesabu kuwa ya Mansur, ni miongoni mwa picha chache za rangi za dodo aliyeonekana akiwa hai.

Mbona mara nyingine naona malaika wa Kizungu na sura kama za Bikira Maria?

Wapadre wa Kijesuti walifika kwa Akbar pale Fatehpur Sikri mwaka 1580 wakiwa na Biblia kubwa iliyochapwa Antwerp yenye picha ndani, na picha nyingine za kuchapwa zikafuata. Wachoraji walizishambulia kwa hamu. Abu'l Hasan akiwa na miaka 13 aliigiza sura ya mtakatifu kutoka kwa Dürer, mchoraji wa Kijerumani, mchoro upo Oxford, mstari wake hautetemeki. Baadae malaika wakawa wanapamba utukufu wa mfalme, kama kwenye picha ya Bichitr iliyopo Freer ambapo Jahangir kakaa juu ya saa ya mchanga anampa kitabu sheikh wa Kisufi huku sultani wa Waturuki na mfalme James wa Uingereza wamewekwa chini wanasubiri, na chini yao kabisa Bichitr kajichora mwenyewe kashika kijipicha.

Na njia ilikuwa ya kwenda na kurudi. Mchoraji Rembrandt huko Amsterdam alipata picha za Mughal, akazichora kwa kalamu yake kati ya 1656 na 1661 hivi, michoro 23 imebaki.

Za Warajput na za milimani zina tofauti gani?

Zinapenda vitu tofauti. Mughal alitaka kumbukumbu: nani alikuwepo, kasimama wapi, kavaa nini. Rajasthan na milimani walitaka zaidi mungu Krishna na mpenzi wake Radha, utenzi wa Kihindu wa Ramayana, miezi ya mwaka, na zile zinazoitwa ragamala ambapo kila muziki una sura yake, saa yake na msimu wake. Rangi zinawekwa bapa, nyekundu nyekundu kweli, njano imejaa ukurasa.

Usidhani dini zilitenganisha wachoraji. Ramayana kubwa ya Mewar, iliyofanywa kwa Rana Jagat Singh kati ya 1649 na 1653, sehemu zake muhimu zimechorwa na Sahibdin ambaye alikuwa Mwislamu.

Ninayempenda mimi ni Nainsukh wa Guler, aliyeishi kama 1710 mpaka 1778, mtoto wa Pandit Seu, kaka yake Manaku. Alikaa na bwana mdogo tu, Balwant Singh wa Jasrota, na akamchora maisha yake yote ya kawaida: ananyolewa ndevu, anaandika barua hemani kajifunika blanketi la pamba, anaangalia wachezaji, anavuta buruma. Hakuna mfalme wa India aliyechorwa kwa upendo wa karibu hivo. Balwant Singh alipofariki 1763 Nainsukh alikwenda Haridwar na msafara uliopeleka majivu yake mtoni Ganges, na akaandika kwenye daftari la kuhani wa mahujaji, akaweka na mchoro. Mwanahistoria B. N. Goswamy alikuja kupekua madaftari ya namna hiyo, akajenga upya koo za wachoraji, na mwaka 1968 akaonyesha kwamba staili za milimani zilifuata familia kuliko falme. Kabla yake watu walikuwa wanazipanga kwa majina ya falme tu.

Kwanini nyingi zipo Ulaya na Marekani?

Nadir Shah wa Uajemi aliteka Delhi 1739 akabeba hazina pamoja na vitabu, ndo maana Albamu ya Gulshan ya Jahangir, ya kifahari kupita maelezo, ipo jumba la Golestan Tehran. Waingereza wa Kampuni ya India ya Mashariki walinunua, walipewa zawadi, na baada ya maasi ya 1857 walipora. Padshahnama, kitabu cha historia ya Shah Jahan chenye picha 44, kilipelekwa kwa mfalme George III wa Uingereza mwaka 1799 na Nawab (mtawala) wa Awadh, kipo Windsor mpaka leo. Vienna, enzi ya Maria Theresa, picha za Mughal zilikatwakatwa zikaunganishwa upya zikabandikwa kwenye kuta za chumba kimoja cha jumba la Schönbrunn. Zikatundikwa ukutani, tena vipande.

India bado wanazo nyingi: National Museum Delhi, maktaba ya Raza Rampur ambako kuna picha ya Nur Jahan, mke wa Jahangir, kashika bunduki, Khuda Bakhsh ya Patna, majumba ya Udaipur, Jaipur na Jodhpur. Na Toronto kuna Makumbusho ya Aga Khan yaliyofunguliwa 2014, ambayo jina lake wengi wetu tunalijua kwa hospitali na shule.

Nimeona inauzwa Jaipur kwenye karatasi ya zamani, ni orijino?

Karibu kila mara hapana. Wanachukua karatasi za zamani zenye maandishi, daftari za mahakama au vitabu vilivyochanika, wanachora juu yake ndovu au mapenzi. Angalia kama rangi imepita juu ya maandishi, na kama maandishi yana uhusiano wowote na picha. Kama umeipenda nunua kwa bei ya kazi mpya, maana wanaochora ni mafundi kweli. Ya zamani kweli huwezi hata kuitoa nje, sheria ya India ya 1972 inakataza kusafirisha vitu vya kale vya zaidi ya miaka 100, na miswada ya zaidi ya miaka 75.

Nina simu tu, naangaliaje?

Simu ni nzuri kuliko unavyodhani, iko mkononi na unaivuta picha kwa vidole. Tovuti za Metropolitan, Smithsonian na V&A zina picha kubwa bure. Anza na pambizo, alafu nyuso za watu wasio muhimu, walinzi, wapishi, wapiga ngoma, alafu ndo mfalme. Tafuta majina madogo yaliyofichwa kwenye jiwe, kwenye kibao, kwenye ukingo wa zulia, maana wachoraji walijiandika huko. Kwenye za albamu tafuta na upande wa pili wa karatasi, Metropolitan mara nyingi wameweka pande zote mbili, na soma maelezo yanayotaja ukurasa uliokuwa ukitazamana nao, alafu fungua zote mbili uziweke pamoja.

Bado kuna watu wanachora hivi?

Wapo Jaipur na Udaipur, kazi inatoka kwa baba kwenda kwa mtoto. Na Lahore, Pakistani, chuo cha National College of Arts kina somo lake kamili tangu miaka ya 1980. Pale ndo alipotoka Shahzia Sikander, ambaye kazi yake ya kumalizia chuo ya 1989 mpaka 1990 ilikuwa picha moja ndefu yenye nyumba nzima ndani, msichana mwenye nguo nyeupe anapita chumba hadi chumba na uso wake hauonekani. Wanafunzi wa pale wanakaa chini sakafuni, ubao magotini, na wanajifunza kubandika karatasi zao wenyewe na kufunga brashi za nywele za kindi.